Mleteni Chiriku
Sehemu ya kumi na moja: Jina kwenye kadi

Wiki nzima wanawake wawili wamesimama mahakamani, msomaji, na miguu imewauma. Tuwape nafasi wakae.

Jaji alikuwa ameuliza swali dogo tu. "Mama wa mtoto yupo? Asimame."

Wakainuka wawili kwa mpigo. Mmoja benchi la mbele, mwingine benchi la nyuma chini ya feni mbovu.

Wa mbele alikuwa Marashi, mtalaka, aliyemzaa Chiriku akamwacha na miaka mitatu. Jina alilipata kwa biashara yake ya manukato, na lilimkaa sawasawa, maana pua hujua amefika kabla ya macho.

Wa nyuma alikuwa Fundi, mshonaji wa sare za shule, mke wa pili. Yeye ndiye aliyemlea Chiriku miaka kumi na miwili. Mtaa mzima ulimwita Mama Chiriku, hata jina alilopewa na wazazi wake likaota kutu.

Jaji akavua miwani. "Nina faili moja na mtoto mmoja. Mbona mama wamezidi?"

Watu wakacheka. Hata askari wa mlangoni alicheka, akaficha meno kwa kofia.

"Mheshimiwa," alisema wakili, msichana mwembamba ndani ya joho lililomzidi, "mwombaji ni huyu wa mbele. Ndiye mama mzazi. Yule wa nyuma ni..." Akatafuta neno, akalikosa. "Ni wa nyumbani."

Wa nyumbani! Kama kabati. Kama paka.

"Basi wa nyumbani akae," Jaji alisema.

Fundi akakaa, na benchi likamchoma kama kaa la moto.

Kwa aliyelishika gazeti leo kwa mara ya kwanza, mambo ni haya. Siku tano zilizopita Fundi alimtuma Chiriku, binti wa miaka kumi na mitano, akachukue simu yake kwa fundi wa simu. Polisi wakavamia kibanda wakitafuta simu za wizi, wakazoa simu zote na watu wote waliokuwemo. Kituoni, kitabu cha mahabusu kikamwandika Chiriku kuwa ni mwanamke wa miaka kumi na tisa. Tangu hapo hakuna aliyeruhusiwa kumwona. Na leo, saa nane mchana, wanawake wa selo ile wangepakiwa kwenye gari la magereza wapelekwe gereza la mbali. Chiriku akiwa mmoja wao.

Ndipo likaletwa ombi mahakamani. Wanasheria wana jina lake la Kilatini. Watu wa korido wanaliita Mleteni. Anayemshikilia mtu amlete mbele ya jaji, na aseme anamshikilia kwa sheria gani.

Fundi alipanga foleni siku tatu kwenye kaunta ya kituo, akarudishwa siku tatu. Marashi alishuka kwenye basi siku ya nne, wakili ubavuni kama mtu aliyebeba mwavuli, na siku ya tano faili liko mezani kwa Jaji.

Unadhani Fundi alishukuru? Alishukuru kwa mdomo. Moyoni alitamani mvua inyeshe na mwavuli utoboke.

Wakili wa serikali akainuka. Alikuwa mtu wa kimo, mwenye sauti ya kutangaza misiba.

"Mheshimiwa, kitabu chetu kinasema miaka kumi na tisa. Mwenzangu anasema kumi na mitano. Ana cheti cha kuzaliwa?"

"Hakikuwahi kuchukuliwa," wakili alijibu.

"Ana nini basi? Kiapo kitupu?"

"Ipo kadi ya kliniki, mheshimiwa. Ina tarehe ya kuzaliwa."

"Iko wapi?" Jaji aliuliza.

Marashi akageuka taratibu. Harufu yake nayo ikageuka, ikapita mabenchi yote hadi nyuma.

"Anayo mwenzangu yule."

Ukumbi mzima ukamtazama Fundi.

"Sina," Fundi alisema. "Ilipotea tulipohama."

Alidanganya. Kadi ilikuwa mapajani mwake, ndani ya mkoba, chini ya bitana aliyoishona kwa mkono wake jana mchana.

Kwa nini? Kwa sababu alikuwa amelisoma ombi lile hadi ukurasa wa mwisho, pale wasiposoma wengi. Liliomba mtoto aachiwe, na likaongeza: *akabidhiwe mwombaji, mama yake mzazi.* Na mwombaji alikuwa na tiketi za basi za kurudi kwake, mwendo wa siku mbili. Tiketi mbili.

Chiriku akitoka, anaingia mikononi mwa Marashi. Chiriku asipotoka, bado ni wa Fundi.

Nimesema lililokuwa kichwani mwake, sikulipamba. Wivu ni moto wa pumba, hauna ndimi za juu. Ukipita karibu unaona majivu tu, ukikanyaga ndipo unaungua.

"Nusu saa," Jaji alisema. "Nikirudi bila karatasi, nitaamua kwa nilicho nacho. Na nilicho nacho ni kitabu cha polisi."

Akagonga meza.

*

Korido ilikuwa na benchi moja refu na wanawake wawili waliokaa kila mmoja ukingoni, kama mawe ya mizani.

Simu ya Marashi ikaita. Akaipokea.

"Bado," alisema. "Tunatafuta kadi... Anasema imepotea... Sijui, ongea naye."

Akaunyoosha mkono. Fundi alikuwa ameshaisikia sauti. Ilikuwa sauti ya mumewe, dereva wa lori, aliyekwama barabarani safari ya mbali na gia imevunjika.

"Mke wangu..."

"Yupi?"

"Jamani! Kadi iko wapi?"

"Tangu lini unampigia huyu?"

"Tangu nilipotaka kujua habari za mwanangu! Simu yako iko kituoni, imefanywa kielelezo cha wizi. Ulitaka nipige wapi, kwenye cherehani?"

Jibu lilikuwa na akili, lakini wivu haukwenda shule. Fundi akakata simu, akairudisha kwa ncha za vidole kama kitu kilichooza.

"Kumbe namba yake unayo," alisema.

"Alinipa yeye, ili..."

"Sijauliza alikupa kwa nini. Nimesema unayo."

Marashi akacheka kwa pua. "Dada, sikuja kuchukua mume. Yule akikoroma nyumba ya tatu wanahamia ya nne. Nakuachia na godoro lake."

"Umekuja kuchukua mtoto."

"Nimekuja kumtoa selo!"

"Na tiketi mbili kwenye pochi."

Marashi akaibana pochi kwapani. Hakujua kwamba tiketi zilionekana.

"Uchungu wa mwana," alisema, "aujuaye mzazi."

"Miaka kumi na miwili uchungu ulikuwa umelala wapi? Alipotoboa masikio ulikuwapo? Alipofeli hesabu akajificha chini ya meza yangu ya kukatia vitambaa, nani alimtoa? Kitanda hukukilalia, kunguni wake utawajulia wapi?"

"Nilikatazwa kumwona. Muulize mumeo."

"Ungekuja hata dirishani!"

"Nilikuja." Marashi alitazama ukutani. "Mara moja. Akiwa na miaka saba. Alikuwa amekaa mlangoni unamsuka, anakuhadithia kitu na mikono yote miwili. Nikasimama ng'ambo ya barabara. Nikaona hakuna nafasi ya kuingia hata sindano." Akafuta jicho kwa ukucha, haraka, kwa hasira. "Unadhani wewe ndiye unayejua wivu peke yako?"

Fundi akafungua mdomo. Kabla hajasema akaja wakili, mbio, joho likimburuza, karatasi mkononi.

"Mama zangu, nisaidieni. Nimepata nakala ya kitabu cha vitu vya mahabusu, vile wanavyowanyang'anya wakiingia. Nataka mmoja wenu anithibitishie ni vya mtoto." Akasoma. "Daftari moja la mistari. Kalamu mbili. Kibanio cha nywele. Kopo dogo la plastiki la bluu, halijulikani ni la nini."

"La manukato hilo," Marashi alisema, na uso wake ukang'aa. "Damu yangu, mnaona? Kumbe naye anapenda..."

Fundi akacheka. Alicheka kwa sauti hadi karani mmoja akachungulia mlangoni.

"Manukato! Hilo kopo la bluu ni pampu ya pumu, bibi wee!"

Marashi akakunja uso. "Nani ana pumu?"

Ah, msomaji! Siku tano Fundi aliingoja nafasi kama hii bila kujua kama anaingoja.

"Huna habari!" Akainuka, akamsimamia. "Tangu darasa la pili! Vumbi likipanda, anavuta. Kukipoa, anavuta. Akicheka sana, anavuta. Nimekaa naye vitandani mwa hospitali hadi manesi wakanizoea kama kitasa cha mlango. Halafu unakuja hapa na kiapo cha mama mzazi! Humjui huyu mtoto. Humjui hata anavyopumua!"

Neno la mwisho likatoka, likabaki linaning'inia hewani.

Anavyopumua.

Kopo lilikuwa kwenye kitabu cha vitu vilivyochukuliwa.

Siku tano.

Fundi akarudi kukaa. Ushindi wote aliokuwa nao mdomoni uligeuka nyongo.

"Anaweza kukaa muda gani bila hiyo pampu?" wakili aliuliza kwa sauti ndogo.

"Siku moja. Mbili, kama kuna hewa." Akamtazama wakili. "Kwenye selo kuna hewa?"

Wakili akaikunja ile karatasi.

Fundi akaukamata mkoba wake, akaugeuza nje ndani, akaanza kuvuta bitana. Haikuachia. Aliishona mwenyewe, kwa mshono wa kurudia, uzi mara mbili, na fundi mzuri hashoni kitu cha kufumuka. Mkasi wake ulikuwa umezuiwa getini. Akauma kwa meno. Uzi ukamkata fizi. Akauma tena.

"Unafanya nini?" Marashi alinong'ona.

Bitana ikapasuka. Ikatoka kadi ya rangi ya waridi, iliyokunjwa mara mbili, yenye alama nyekundu ya damu ya fizi pembeni.

Marashi akaiona. Akaelewa. Alinyanyua mkono kama wa kupiga kofi, na Fundi hakukwepa.

Mkono ukashuka bila kupiga.

"Baadaye," Marashi alisema. "Nitakupiga baadaye."

*

Kadi ilipanda kwa Jaji, ikashuka kwa wakili wa serikali. Yule bwana akaisoma mbele, akaisoma nyuma, kisha akatabasamu, na tabasamu la mtu wa sauti ya misiba si jambo jema.

"Mheshimiwa, tarehe naiona. Ingemfanya mtoto awe na miaka kumi na mitano. Lakini naona na jina la mama." Akaiinua kadi. "Mwombaji ameapa kwa maandishi kuwa ndiye mama wa mtoto. Hii kadi inamtaja mwanamke mwingine. Ama kiapo ni cha uongo, ama kadi ni ya mtoto mwingine. Kwa vyovyote vile, ombi halina miguu. Naomba litupwe."

Wakili akageuka nyuma, macho yamemtoka. Kwa haraka ya korido hakuwa amesoma zaidi ya tarehe.

"Jina la nani?" alinong'ona.

Jina lilikuwa la Fundi.

Hakuna aliyecheka safari hii.

Jaji akaamuru Fundi apande kizimbani aape. Akapanda, akaapa.

"Kadi hii ilipatikanaje?"

"Kadi ya kwanza ilipotea, mheshimiwa, huyu alipoondoka. Mtoto alikuwa na miaka mitatu na chanjo hazijaisha. Nikampeleka kliniki. Nesi akanakili tarehe ya kuzaliwa kutoka daftari lao kubwa, akaandika kadi mpya. Pale wanamwandika aliyembeba mtoto. Foleni ilikuwa hadi nje. Akaniuliza, mama, jina lako nani? Nikamtajia langu."

"Hukumsahihisha?"

"Sikumsahihisha."

"Kwa nini?"

Fundi akatazama mikono yake, vidole vilivyotobolewa na sindano.

"Nilipenda lilivyokaa, mheshimiwa."

Mbele, Marashi aliinamisha kichwa.

"Sikiliza vizuri," Jaji alisema, na safari hii alisema polepole. "Umeapa. Kama wewe ni mama wa mtoto, mwombaji amesema uongo kwenye kiapo na nitashughulika naye. Kama siyo, kadi ina makosa ya jina tu, na tarehe yake inatoka kwenye daftari la kliniki. Nakuuliza mara moja. Wewe ni mama wa mtoto huyu?"

Jibu lilikuwa fupi. Angeweza kusema *ndiyo*. Karatasi ingemshuhudia, mtaa ungemshuhudia, na Marashi angetoka pale na pingu badala ya bangili.

Marashi alikuwa anamtazama. Hakuomba, hakutikisa kichwa. Alikuwa amebana pumzi.

Labda ni ile pumzi iliyobanwa ndiyo iliyomaliza shauri.

"Hapana," Fundi alisema.

"Sema usikike."

"Mimi si mama yake, mheshimiwa. Mama ni yule pale. Alimzaa yeye."

Mashine ya karani ikayagonga maneno yale moja baada ya jingine, na kila moja lilimwingia Fundi kama sindano iliyokosa kitambaa ikapata kidole.

Jaji akaandika. Kisha akamwinulia macho wakili wa serikali.

"Na wewe, rafiki yangu, umepoteza muda wangu. Ombi hili lingeweza kuletwa na jirani. Na mwalimu wake. Na mpita njia aliyesikia kilio dirishani. Sheria haiulizi hapa mama ni nani. Inauliza mtoto yuko wapi. Mahakama inaona ni mtoto wa miaka kumi na mitano. Mkuu wa kituo!"

Mkuu wa kituo akasimama mwishoni kabisa mwa ukumbi. Alikuwa mtu mnene, na jasho lilikuwa limemchora ramani mgongoni ijapokuwa alikaa dirishani.

"Mleteni," Jaji alisema. "Hapa, mbele yangu, kabla ya saa saba. Atakabidhiwa nani, hilo nitaliamua nikimwona."

"Ndiyo, mheshimiwa," Mkuu wa kituo alisema.

Alichelewa kidogo kulisema. Ni Fundi peke yake aliyeona, na hakujua ameona nini.

*

Wote wawili walikuwa wamesikia kuwa sheria haiulizi mama ni nani, na bado kila mmoja akalipigania jina hilo.

Walipongoja, Marashi alihamia benchi lililo karibu na mlango wa mahabusu. Fundi akahamia lililo karibu zaidi. Marashi akasogea ukingoni. Fundi akasimama kabisa, akajifanya miguu imekufa ganzi.

"Kaa, hatakimbia," Marashi alisema.

"Nanyoosha mgongo."

"Mgongo wako unanyooka upande wa mlango tu?"

Askari akawaambia wakae wote wawili au atoe mmoja.

Wakakaa, bega kwa bega. Marashi akauliza bila kumtazama, "Hiyo pampu, anavuta mara ngapi?"

"Mara mbili."

"Kwa siku?"

"Kila anapobanwa."

Hakumwambia kwamba lazima umhesabie hadi kumi ashike pumzi, na kwamba ukifika saba anaanza kucheka, na ni lazima ujifanye hukuona. Hilo alilibania. Alikuwa ametoa la kutosha siku ile.

"Ana sauti gani siku hizi?" Marashi aliuliza tena.

"Wanamwita Chiriku. Unadhani ana sauti gani?"

Mlango wa mahabusu ukafunguka.

Aliingia askari wa kike, nyuma yake msichana mrefu mwembamba, amenyolewa nywele zote, kidevu kimezama kifuani, mikono imekumbatia tumbo. Miguu pekupeku.

Marashi hakungoja. Aliruka benchi, viatu vikabaki, akamkumba msichana katikati ya ukumbi mbele ya Jaji na askari wote.

"Mwanangu! Mwanangu mie! Nimekuja, mama yako nimekuja!"

Msichana akamwangukia. Nani asingeanguka? Siku tano za selo, halafu kifua chenye joto na harufu ya maua. Alilia kwa sauti nzito, ya kukwaruza. Wakili alilia. Karani alipangusa miwani.

Fundi peke yake hakulia.

Fundi alikuwa amesimama, mkono mdomoni.

Alikuwa amewahi kuota jambo hili, msomaji, tena si mara moja. Akiwa kwenye cherehani, mguu kwenye kanyagio, alimwombea mtalaka aibu moja tu duniani, asimamishwe mbele ya watu aambiwe mchague mwanao, akosee. Basi ameomba, amepewa.

"Si yeye," alisema.

Sauti haikutoka.

Marashi alikuwa ameushika uso wa msichana kwa mikono miwili sasa, ameuinua, anaubusu paji, mashavu. Kisha akautazama.

Fundi aliona yote. Aliona macho ya Marashi yakitafuta na yasipate. Kwenye pochi yake alikuwa na picha moja tu ya Chiriku, ya darasa la tatu, na hakuna kitu ndani ya uso huu kilichotoka kwenye picha ile. Aliona midomo ikifunguka kusema.

Halafu aliona midomo ikifumbwa.

Kwa maana watu walikuwa wanatazama. Jaji alikuwa anatazama. Na kando ya mlango wa mahabusu alikuwa anatazama yule aliyemwambia *humjui hata anavyopumua*.

"Mama," Jaji aliuliza kwa upole, "ndiye huyu?"

Marashi akageuza shingo. Macho yake yalikutana na ya Fundi. Yalijaa hofu, na chini ya hofu palikuwa na kitu ambacho Fundi alikitambua haraka kuliko sura yake kwenye kioo, kwa kuwa alikuwa ameshinda nacho tangu asubuhi.

"Ndiye, mheshimiwa," Marashi alisema.

"Si yeye!" Sasa sauti ilitoka, ikagonga dari. "Mheshimiwa, huyu si Chiriku! Chiriku ana kovu la pasi kwenye mkono! Muulizeni huyu afande Chiriku yuko wapi! Pampu yake iko wapi! Mmempeleka wapi?"

Mkuu wa kituo alitazama sakafu.

Wakili wa serikali aliinuka bila haraka, akafunga kifungo cha koti.

"Mheshimiwa, mama mzazi amemtambua mwanawe. Huyu anayepiga kelele ameapa hapa hapa, na imeandikwa, kwamba yeye si mama. Mtoto ameletwa, ombi limetimizwa. Tunaomba faili lifungwe."

"Marashi!" Fundi alilia. "Dada! Sema kweli! Nakusihi, nichekwe mimi, usiogope kuchekwa. Sema!"

Mikono ya Marashi haikumwachia msichana.

Kalamu ya Jaji ilisimama juu ya karatasi. Alikuwa mzee wa kazi ile, na kitu fulani hakikumkalia sawa. Akainama mbele.

"Binti," alisema, "usiogope mtu yeyote humu ndani. Huyu aliyekushika ni mama yako?"

Msichana akainua kichwa kwa mara ya kwanza. Akautazama mlango wa mahabusu aliotokea, na askari wa kike aliyesimama pale na funguo. Akautazama mlango wa pili, mkubwa, uliokuwa wazi, na nje yake jua la saa saba limetanda barabarani. Mwisho akamtazama mwanamke mgeni aliyemkumbatia.

Akauzungusha mkono wake kwenye shingo ya Marashi, akakaza.

"Ndiye," alisema. "Mama, twende nyumbani."